Mwalimu Wako Ni Nani?

Yarkent, 9 Septemba 1963

Mjomba wangu Tilivaldi,

Assalamu alaykum. Nakuamkia wewe na mkazamjomba Patem, na majirani wote wa mtaa wa mfereji, hata yule anayewarushia mawe njiwa wako. Barua hii ikikukuta na kikombe cha chai ya chumvi mkononi, usinyanyuke, isome hapo hapo ulipo.

Sisi tu wazima. Mume wangu Momin anaendesha trekta katika shamba la ushirika na amenenepa shingo. Mimi nakamua ng'ombe kumi na wawili, asubuhi na jioni. Mama anakusalimu sana. Angeandika mwenyewe, ila macho yanamsumbua, anasema wino wa siku hizi umekuwa mwembamba.

Barua hii ni ya tatu. Mbili za mwanzo sijui kama zilifika, au zilifika ukawashia jiko. Kama uliwashia jiko, haki yako. Mwaka jana mwezi wa nne, watu walipokuwa wakivuka mpaka kwa maelfu kutoka Ghulja kuja huku na mabunda yao, nami nilivuka na mume wangu na mama bila kuja kukuaga. Miaka kumi na mmoja nimepiga magoti mbele ya satari yako, nikijifunza kuimba juu ya uzi wake mmoja unaoupiga kwa upinde, kisha nikaondoka kama mwizi wa kuku. Mjomba, ningekuja kukuaga nisingeondoka. Sina maelezo mengine.

Sasa nije kwenye neno lenyewe. Huku watu wetu ni wengi na wapiga vyombo wapo, lakini mukamu wa Nawa, zile nyimbo zake zote zinazofuatana, kwa namna ya kwetu Ghulja, hakuna anayeujua. Niliusikia arusini mwezi uliopita. Ule mwanzo wake usio na dufu waliuparamia kama watu waliopanda farasi wa mwenzao. Nilitoka nje nikalia. Mimi ninao wote, wewe ndiye uliyenipa, tangu mwanzo hadi pale watu wanapoinuka kucheza. Kilichobaki ni dua yako. Hukuwahi kunifungulia viganja, na ulinifundisha mwenyewe kwamba bila dua ya mwalimu mtu haimbi mbele za watu. Nakuomba dua, mjomba. Nitumie.

Mpwa wako,
Helchem


Ghulja, 30 Novemba 1963

Helchem, mwizi wa kuku,

Wa alaykum salaam. Barua zote tatu zilifika wiki moja, kila moja imefunguliwa na kufungwa tena kwa gundi mbaya. Sikuwashia jiko. Patem alinisomea kwa sauti, ya kwanza akacheka, ya pili akalia, ya tatu akaniambia, "Mjibu mtoto, wee mzee kichwa ngumu, kabla sijamjibu mimi na kumwambia unavyokoroma." Basi najibu.

Hatujambo. Kikundi cha muziki kimenipa vijana saba niwafundishe. Watano hawana masikio. Wa sita ana masikio, hana mikono. Wa saba ana vyote, ila akili yake yote iko kwa msichana anayeuza aiskrimu karibu na daraja. Matufaha yamekuwa mengi hata tumelisha mbuzi. Mwambie dada yangu Sajide nimesikia habari ya macho yake. Ale karoti.

Ama dua. Unataka nikutilie katika bahasha kama mbegu za tikiti? Mwanafunzi humwimbia mwalimu wimbo wote, mwanzo hadi mwisho, mwalimu asikohoe hata mara moja. Kisha mwanafunzi anammegea mkate kwa mkono wake mwenyewe. Wakishakula, mwalimu anafungua viganja. Ndivyo ilivyo, wala sikuibuni mimi. Nilikusikia mara ya mwisho ukiwa na miaka ishirini na miwili na umemkasirikia mumeo. Nitajuaje kama bado unao?

Haya, nakupa mtihani. Mwanzo wa Nawa, ubeti wa pili, pale sauti inapopanda taratibu kama mtu anayepanda ngazi na ndoo ya maziwa. Unavuta pumzi wapi? Ukikosea, usiniandikie mpaka ujue.

Mjomba wako


Yarkent, 11 Februari 1964

Mjomba,

Salamu nyingi kutoka kwetu sote. Theluji imefika madirishani, na ng'ombe wawili wamekufa kwa baridi. Momin ameota jipu mahali asipotaka nikutajie. Mama anakusalimu.

Hapo pumzi haivutwi. Upinde unapogeuka juu ya uzi, sauti ya satari inakatika kidogo, na hapo ndipo mwimbaji anaiba hewa puani, hewa ya kumtosha ndege, na anayesikiliza asijue. Nikivuta pumzi kamili nimemwaga maziwa. Ulinipiga begani kwa huo upinde mara nne ndipo nikaelewa, na bega bado linaniuma kila kipupwe.

Uliza jingine. Niliisoma barua yako zizini na ng'ombe akapiga teke ndoo, nikacheka kwa mara ya kwanza tangu tuje huku.

Helchem


Ghulja, 2 Juni 1964

Mwanangu Helchem,

Sahihi. Na bega hilo nililipiga mara tatu tu, usiniongezee dhambi.

Patem anakusalimu, anasema jipu likandwe kwa kitunguu cha kuoka. Sisi tupo. Wakubwa wa kikundi wameona nyimbo zetu ni ndefu mno. Wanataka Nawa iingie katika dakika sita, maneno ya mapenzi yatoke na ya mfereji mpya yaingie. Niliwaambia mfereji nimeuchimba kwa mikono yangu siku tisa na ninaupenda, ila hauimbiki. Walicheka. Mmoja hakucheka.

Swali la pili si la sauti. Umeketi kuimba Nawa mbele ya wazee wenye vyombo vyao. Upinde haujagusa uzi. Mkubwa wao atakuuliza nini, na wewe utajibuje?

Jambo jingine. Dada yangu Sajide hajapata kunisalimu maishani mwake bila kunilaumu. Sasa ni barua ya ngapi, salamu tupu, hata tusi moja halimo. Mwambie anilaumu nijue ni mzima.

Mjomba wako


Yarkent, 25 Agosti 1964

Mjomba,

Nimeandika barua hii mara tano na kuichana.

Mama hayupo. Alifariki mwezi wa kwanza mwaka jana, baridi yetu ya kwanza huku, kwa homa ya mapafu. Tulimzika kwenye kilima, watu wanane tu, ardhi imeganda ikabidi wachimbe kwa sururu. Salamu zote nilizokupa zilikuwa zangu. Nilikwisha kukuibia kwaheri yetu, nikaona siwezi kukuibia na dada yako katika barua ya kwanza, na baada ya hapo sikupata pa kusimama. Siku ya mwisho alikulaumu, ndiyo. Alisema, "Tilivaldi hajanirudishia sufuria langu la shaba." Nisamehe, mjomba. Mimi mwenyewe sijajisamehe.

Jibu la mtihani ni hili. Mkubwa wao ataniuliza, "Mwalimu wako ni nani?" Nami nitasema: mwalimu wangu ni Tilivaldi wa Ghulja, na mwalimu wake ni Ghojabdulla kinyozi, na mwalimu wa Ghojabdulla ni Ismetulla kipofu. Hapo ndipo watakapoinua vyombo. Nisipotaja silsila hawatagusa hata uzi mmoja, maana wimbo usio na mwalimu ni mali ya wizi, na anayempigia mwizi ni mwizi mwenzake.

Helchem


Ghulja, 14 Machi 1965

Mwanangu,

Nilijua tangu salamu ya kwanza. Dada yangu alikuwa na macho ya mwewe hadi uzeeni, aliniona nikiiba zabibu akiwa ng'ambo ya mto. Nilimwambia Patem, tukamsomea khitma uani, sauti chini. Sikukuambia kwa kuwa niliona umeshika kitu kwa mikono miwili, sikutaka kukunyang'anya. Sufuria lipo. Siku zote nilisema limepotea kwa sababu lilikuwa zuri kuliko letu.

Umefaulu mtihani. Sasa kimebaki kitu kimoja tu, mkate wako na viganja vyangu katika chumba kimoja. Barabara ikifunguliwa utakuja, au nitakuja mimi. Hatupo mbali, mwendo wa siku mbili kwa gari la farasi.

Nimehamishwa kazi. Nipo kwenye tanuri la matofali, kazi nzuri kwa mgongo. Satari nimempa mtu anitunzie, vumbi la tanuri halipatani na mbao. Kikundi kimepata mwalimu mwingine, yule kijana wa aiskrimu. Ana dakika zake sita.

Usiniulize zaidi ya hapa.

Tilivaldi


Yarkent, 3 Oktoba 1965

Mjomba,

Assalamu alaykum. Nilikuandikia mwezi wa tano, nikakuandikia tena wa saba. Sijui kama zimefika. Tumepata mtoto wa kike, tumempa jina Sajide. Ana mapafu ya mpiga zumari.

Uliniambia nisiulize, lakini mimi ni mpwa wako na ukaidi nimeurithi kwako. Mkazamjomba Patem yu wapi? Barua yako ya mwisho haina salamu zake. Na mwandiko wako, mjomba, zamani herufi zako zilikuwa zimesimama wima, sasa zinalala kama ngano iliyopigwa na mvua. Vidole vyako vina nini? Satari umempa nani? Hukuwahi kumwachia mtu aishike hata alipokuja mkuu wa wilaya. Nikikosa jibu naanza kujijibu mwenyewe, na majibu yangu ni mabaya.

Nina habari. Watu wa redio kutoka Almaty wamesikia kwamba kuna mkamua ng'ombe anayeijua Nawa ya Ghulja. Wanataka kuinasa yote kwenye utepe, bila kukata, mwaka ujao wakipata gari na mashine. Wazee sita watanipigia. Mkubwa wao ni mpiga dufu, Hezimbay, ana miaka themanini na meno mawili. Aliniambia, "Binti, nimeisubiri Nawa ya ng'ambo tangu vita. Fanya haraka, meno yanakwisha."

Utepe haufi, mjomba. Hata mimi nikifa, hata wewe. Barabara haitafunguliwa, sote tunajua. Vunja desturi mara hii moja. Andika neno moja tu, Amin, nami nitaliwekea mkate mbele.

Helchem


Ghulja, 20 Septemba 1966

Kwa Helchem, mkazi wa Yarkent,

Nimepokea barua ambazo sikuziomba. Mimi ni mfanyakazi wa tanuri la matofali. Muziki wa zamani siujui, wala sijapata kumfundisha mtu. Sina dada aliyekwenda ng'ambo, wala sina mpwa. Yeyote anayedai nilimfundisha anasema uongo, na akilitaja jina langu mahali popote atakuwa amenipaka uchafu wa watu waliolikimbia taifa lao. Usiniandikie tena.

Tilivaldi


Yarkent, 12 Novemba 1966

Mjomba wangu,

Hii sitaituma. Naiandika kwa sababu nisipoiandika nitapasuka.

Barua yako ilifika juzi. Mwandiko si wako, sahihi ndiyo yako, imeburutwa kama ya mtu aliyeshikwa mkono. Momin ameisoma mara mbili, akatoka kwenda kupasua kuni ambazo hatuzihitaji. Mimi nimekaa nayo siku mbili. Nimeigeuza, nimeishika juani, nimesoma herufi za mwanzo wa kila mstari, nimenusa karatasi. Nilitaka nione umenifichia dua humo. Hakuna kitu, mjomba. Ni barua inayosema inachosema.

Kuna neno moja la kweli ndani yake, kwamba huna dada. Yeye kweli hayupo. Patem naye simwulizii tena, naogopa jibu ni lile lile.

Watu wa redio wanakuja baada ya wiki nne. Redio ya huku inasikika Ghulja, wewe mwenyewe ulikuwa ukiitega sikio na kuwatukana waimbaji. Nikiketi mbele ya Hezimbay akaniuliza, nikalitaja jina lako, litasikika mpaka kwenye tanuri lako, na waliokuandikia barua ile watakufuata. Nisipolitaja, wazee hawatapiga. Momin anasema, "Mruke! Mtaje yule kinyozi Ghojabdulla, amekufa, watamfanya nini?" Kinyozi alikufa miaka mitatu kabla sijazaliwa, na Hezimbay alikuwa akinyolewa naye, anajua alikufa lini. Atanicheka, kisha atajua namficha mtu, na mji mzima utajua ni nani.

Nimefikiria kusema ukweli na kukuacha wewe uchukuliwe. Ndiyo, nimefikiria. Nilimkamua ng'ombe nikijiambia, mjomba ni mzee, pengine hayupo tena, na wimbo ule ni wa watu wote. Dakika nzima nilikuwa nimeamua. Maziwa yakafurika ndoo, na sikuona. Sasa unajua mwanafunzi wako ni mtu wa namna gani.

Uliwahi kuniambia kwamba siri ya mtungi aijuaye ni kata. Nawa hii tulikuwa tukiijua wawili. Nakulaumu, mjomba, nakulaumu kama mama alivyokulaumu. Ungeniandikia Amin mwaka jana, au mwaka wa kabla yake, wakati vidole vyako vilipokuwa vyako. Ulikuwa na bahasha na wino na miaka miwili mizima, ukanipa mitihani. Nami nilikuwa na mlango wako hatua mia nne kutoka kwetu asubuhi ile tunafunga mabunda, na sikuenda. Tumegawana hasara sawa sawa.

Nakupenda, na sijui kama unapata chakula.

Helchem


Yarkent, 19 Desemba 1966

Kwa Tilivaldi, mfanyakazi wa tanuri la matofali, Ghulja,

Nimepokea barua yako ya tarehe 20 Septemba. Hii ni ya mwisho kutoka kwangu, nayo ni ya kusahihisha kosa. Naiandika kwa herufi kubwa ili kila atakayeifungua kabla yako asome bila taabu.

Tarehe 14 mwezi huu walikuja watu wa redio, wakaweka mashine yao katika nyumba ya utamaduni. Watu walijaa hadi mlangoni. Wazee sita walikaa na vyombo. Mkubwa wao akaniuliza mbele ya watu wote, "Mwalimu wako ni nani?" Nikajibu, "Sina mwalimu. Hakuna aliyenifundisha." Akaniuliza mara ya pili, kwa upole, akidhani nimeingiwa na hofu. Nikajibu vile vile. Akaniuliza mara ya tatu, machozi yakimlengalenga. Nikajibu vile vile.

Akaliweka dufu lake sakafuni, uso chini. Watano waliobaki wakaweka vyao. Mtu wa redio akasema, "Jamani, aimbe tu, utepe unazunguka." Hakuna aliyesogea. Nikaambiwa niimbe peke yangu, nikasema siwezi kuimba nisichofundishwa. Mwanamke mmoja nyuma akasema kwa sauti, "Basi alitupotezea wakati wa nini, mwongo huyu!" Wakanasa wimbo wa mavuno ya viazisukari, nami nilisimama mstari wa pili katika waitikiaji. Gari liliondoka kabla ya chakula. Mzee Hezimbay amekataa salamu yangu tangu siku ile.

Kwa hiyo jina lako halikutajwa mahali popote, na halitatajwa. Mimi siujui mukamu wa Nawa. Hapa Yarkent hakuna anayeujua. Wewe nawe umeandika kwamba huujui.

Basi hakuna anayeujua.

Helchem